Zuio Lililokufa Bila Mwenyewe Kusikilizwa

Mashauri yanapolala mahakamani miaka nenda miaka rudi, tunatamani wakubwa watoe amri moja tu, mambo yaende mbio. Naieleza habari hii ya India kwa sababu tamaa hiyo ni yetu sote, nami nimo.

Machi 2018, katika shauri la Asian Resurfacing, majaji 3 wa Mahakama ya Juu ya India waliagiza kwamba zuio lililosimamisha kesi yoyote, ya madai au ya jinai, likome lenyewe baada ya miezi 6, isipokuwa likiongezwa muda kwa sababu maalumu. Nia ilikuwa njema, maana kesi nyingi zilikwama kwa mazuio.

Lakini dalili za hatari zilikuwepo. Shauri lenyewe lilitokana na tuhuma za rushwa. Wadaawa wa madai kote nchini, ambao amri ingewagusa, hawakuwa mbele ya mahakama. Isitoshe, mwaka 2002 majaji 7 wa mahakama hiyohiyo walikwisha kukataa kuziwekea kesi za jinai ukomo wa aina hiyo. Na kubwa zaidi, amri haikutofautisha anayechelewesha na anayecheleweshwa. Mwenye zuio linalolinda shamba lake hapangi tarehe; mahakama ndiyo hupanga. Mrundikano ukimkosesha nafasi ya kusikilizwa, miezi inapita, kinga inaondoka, naye hana kosa.

Februari 29, 2024, jopo la majaji 5 chini ya Jaji Mkuu D. Y. Chandrachud liliiondoa kanuni hiyo. Hukumu iliyoandikwa na Jaji Abhay Oka ilisema zuio halikomi kwa kupita muda peke yake. Tena mahakama za juu zisizipangie nyingine muda wa kumaliza mashauri, ila katika hali za pekee, kwa kuwa walio chini ndio wanaoujua mzigo wao.

Ndugu zangu, tuendelee kudai kasi, lakini kwanza tuulize: nani anachelewesha, na nani hajasikilizwa? Ukiumizwa na zuio, omba liondolewe, mwenzako naye asikilizwe. Ukiwa nalo, usibweteke. Fuatilia tarehe, omba shauri lipangwe. Na tunapotaka mrundikano uishe, tudai mahakimu na majaji wa kutosha, kwa sababu amri ya tarehe haiongezi hata mtu mmoja wa kusikiliza kesi.