Ombi Likipitwa, Je, Haki Nayo Imetimia?

Mara nyingi twasikia watu wakisema, "Shauri lile limekwisha," nao huacha kulifikiri. Yatupasa kuuliza: limekwisha kwa kuwa limejibiwa, au kwa kuwa limepitwa?

Sisi wa Moa twaweza kulifahamu neno hili kwa mfano wa pwani. Mtu amwomba mwenye ngalawa amvushe kijito. Mwenye ngalawa akawia, hata maji yakapwa, mtu yule akavuka kwa miguu. Ngalawa haina kazi tena. Lakini je, ilikuwa haki kumweka ufuoni usiku kucha? Swali hilo halikupwa pamoja na maji.

Ndivyo yalivyo mambo ya mahakama. Mshtakiwa aliyenyimwa dhamana katika Mahakama ya Wilaya aweza kupeleka ombi Mahakama Kuu, Tanga. Ombi likiwa lingali lasubiri zamu yake, hakimu wa chini hutoa hukumu. Akimwachilia, dhamana ya nini? Akimfunga, dhamana ya kungojea kesi haina maana tena. Kwa njia zote mbili jaji hana la kuamua, naye huliondoa ombi. Wala hakosi, kwa maana mahakama iliwekwa ikate mashauri yaliyo hai, na wengine wangoja mlangoni.

Walakini kuna hatari. Tarehe 29 Julai 2019 mwandishi wa habari Erick Kabendera alikamatwa Dar es Salaam. Mawakili wake wakapeleka ombi mahakamani juu ya kuzuiliwa kwake. Tarehe 5 Agosti akaletwa Kisutu, akasomewa mashtaka, moja likiwa la kutakatisha fedha, ambalo kwa sheria halikuwa na dhamana. Ombi la kumtoa mikononi mwa polisi lilikosa pa kusimama, kwa kuwa hakuwamo tena mikononi mwao. Alitoka tarehe 24 Februari 2020, baada ya mapatano na upande wa mashtaka. Lakini zile siku saba za kwanza, nani azirudishe?

Huko Marekani, mwaka 1975, katika shauri la Gerstein na Pugh, watu wa Florida walilalamika, kwa ajili yao na wenzao, kuwa waliwekwa kizuizini pasipo jaji kupima sababu. Shauri lilipofika Mahakama ya Juu, walikuwa wamekwisha kuhukumiwa. Hata hivyo majaji walilijibu swali, kwa kuwa kizuizi cha namna ile ni kifupi, na wengine wangepatwa nacho vile vile.

Twaona hiyo ni njia ya busara. Dhara likiwa la mtu mmoja, nalo limeondoka, ombi na lifungwe. Likiwa laweza kumrudia jirani, na kila mara lapita kabla ya kusikilizwa, yafaa lijibiwe. Katiba yetu, ibara ya 107A, yaagiza haki isicheleweshwe bila sababu ya msingi. Basi tusikiapo kwamba mtu ametoka, tufurahi pamoja naye. Kisha tuulize alikaa siku ngapi, na kwa nini.