Vita Nisivyovijua Chanzo

Jumapili moja mpwa wangu alinikuta nikicheza Red Alert, gemu ya vita ya mwaka 1996 ninayoitunza tangu nikiwa chuoni. Akavuta kiti. Mbwa wangu wa Kisovieti alimrukia askari wa adui, akammaliza kwa pigo moja. Mtoto akacheka, kisha akauliza: "Mjomba, hawa wamewakosea nini?"

Nikakosa jibu. Nimekuwa jemadari wa vita hivi miaka nenda rudi. Najua magari ya madini yapite wapi na mnara wa Tesla usimame upande gani, lakini chanzo cha ugomvi sikijui.

Kisa ni nakala yenyewe. Gemu halisi iliuzwa kwenye CD mbili, moja ya Washirika, nyingine ya Wasovieti. Yangu niliipata bwenini kwenye flashi, imebanwa ikabanika, kufuli limevunjwa. Aliyeichakachua aliondoa vilivyojaza nafasi: filamu zinazosimulia hadithi, na muziki wa Frank Klepacki. Vifaru akaviacha. Tukashangilia, maana hela ya CD halisi hatukuwa nayo.

Jioni ile nikaitafuta nakala kamili. Haikuhitaji wizi: kampuni ya Electronic Arts iliruhusu ipakuliwe bure tangu 2008. Tukaitazama filamu ya mwanzo pamoja. Mwaka 1946 Albert Einstein anawasha mtambo wa kusafiri katika wakati, anarudi Landsberg, Ujerumani, mwaka 1924, anampa Hitler mkono, na Hitler anatoweka. Mzee alitaka kuizuia Vita Kuu ya Pili. Akazua vingine: Hitler hayupo, Stalin anaivamia Ulaya.

Mtoto akanyamaza kidogo. "Kumbe alitaka kusaidia," akasema.

Dakika chache za filamu zilimpa alichoelewa mara moja, nami nimekikosa miaka yote. Westwood Studios, walioitengeneza, walifungwa mwaka 2003 bila kupata senti yangu. Hiyo ni dhuluma, na umaskini wa bwenini hauisafishi. Ila nami nilipunjwa: mchakachuaji anapopunguza mzigo, hagusi risasi. Huanza na sababu.

Ile nakala nimeifuta. Nawe, ukitumiwa kwenye simu klipu ya sekunde thelathini ya watu wanaogombana, kabla hujachagua upande, uliza kwanza: kilichokatwa hapa ni nini?