Shahidi Mwenye Maslahi

Hapa Nyangoto hakuna haja ya kumfundisha mtu maana ya mgongano wa maslahi. Mei 2009, maji machafu ya mgodi wa North Mara yalipovuja na kuingia Mto Tigithe, watu hawakuuliza tu maji yana nini. Waliuliza pia nani ameyapima, na analipwa na nani. Mwaka huohuo wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walipima udongo, tope na maji kuzunguka mgodi, na taarifa yao ikapelekwa kwa Jumuiya ya Kikristo Tanzania. Sisi wa makanisa tunaiamini zaidi kwa kuwa haikutoka mgodini. Mgodi nao ungeweza kujibu kwamba makanisa yana upande wao, na lisingekuwa jibu la kijinga.

Swali langu ni hili: kipimo tunachompimia mwenye mgodi, twajipimia na sisi?

Mwaka 2011 Mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapile, wa KKKT, alikuwa akitoa kikombe cha dawa ya mti wa mugariga kijijini Samunge, Loliondo, kwa shilingi 500. Alisema Mungu alimwonyesha ndotoni. Ilisemekana kinatibu kisukari, shinikizo la damu, saratani, hata UKIMWI. Maelfu walikwenda, foleni ya magari ikawa ya kilomita nyingi, na wapo waliofariki wakisubiri. Wengine, wakiamini wamepona, waliacha ARV na dawa za kisukari.

Sisemi mzee yule alikuwa tapeli. Shilingi 500 si bei ya tapeli. Lakini tazama ni nani waliomshuhudia. Wenye magari walipata nauli. Magazeti yaliuzika. Na sisi Walutheri, je? Alikuwa mchungaji wetu, na viongozi wa dayosisi walimtetea hadharani. Kupona kwa watu kungekuwa heshima kwa kanisa letu. Hayo ni maslahi, hata kama hakuna aliyetia senti mfukoni. Tena maslahi ya upendo hupofusha kuliko ya fedha, maana mpokea rushwa anajua kwamba amepokea.

Shuhuda nazo zina udhaifu wake. Aliyejisikia nafuu husimama mbele ya usharika na kupigiwa makofi. Aliyeacha dawa akazidiwa hatumsikii. Yuko wodini, au tumekwisha kumzika.

Wanaohariri makala za tiba katika Wikipedia, kamusi elezo ya mtandaoni ambayo yeyote aweza kuiandika, wamejiwekea utaratibu ninaouona wa Kikristo kuliko wetu. Habari ya mtu mmoja aliyepona haitoshi. Hata utafiti mmoja mpya kwa kawaida hautoshi. Hutafutwa maandiko yaliyopima tafiti nyingi kwa pamoja. Anayelipwa kuandika lazima aseme nani anamlipa, naye mwenye maslahi hushauriwa apendekeze mabadiliko na kuwaachia wengine wayaamue. Hafukuzwi wala haitwi mwongo. Anaambiwa tu kwamba kalamu ishikwe na mwingine.

Kuna watakaosema huko ni kuweka sayansi juu ya imani. Wamsome Yohana sura ya 5. Bwana Yesu mwenyewe alikubali kwamba akijishuhudia peke yake ushuhuda wake hauhesabiki, akawataja mashahidi wengine. Luka, ambaye Paulo anamwita tabibu, anaanza Injili yake kwa kueleza kwamba amechunguza mambo yote tangu mwanzo. Kama Mwana wa Mungu hakuona aibu kuulizwa mashahidi, mchungaji ni nani?

Basi katika sharika zetu, mzee wa kanisa anayeuza virutubisho asiwe ndiye anayewaandikia akina mama habari za presha kwenye kundi la simu. Au kama ana neno la kuwafaa, atangulize kusema kwamba anaviuza, kisha muuguzi asiye na duka ausome ujumbe kabla haujatumwa. Nasi wachungaji tumo. Ibada ya uponyaji inapojaza kanisa na kapu la sadaka, mimi si mtu wa kutangaza kwamba fulani amepona kifua kikuu. Kazi hiyo ni ya maabara ya zahanati, na makohozi yapelekwe huko kabla ya kupewa kipaza sauti.