Mwenye Kovu Usidhani Kapoa

Hotuba za amani zina methali yake: yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Gavana huitaja, mchungaji huitaja, wajumbe waliotumwa kutoka Kinshasa huitaja kabla ya kurudi uwanja wa ndege. Ni methali nzuri, lakini huja kwa urahisi mno katika kinywa cha asiyeumia. Waswahili wana nyingine inayofaa kusikika kabla ya hiyo, nayo ni kali zaidi: mwenye kovu usidhani kapoa.

Lubunga inaihitaji hiyo ya pili. Katika komini sita za jiji la Kisangani, ni Lubunga peke yake iliyoko ukingo wa kushoto wa mto Kongo. Makiso, Tshopo, Mangobo, Kabondo na Kisangani ziko ng'ambo ya pili, na daraja hakuna. Anayekwenda soko kuu au kwenye ofisi za mkoa huvuka kwa pirogi au kwa mtumbwi wa mashine, kisha hudandia toleka, yaani teksi ya baiskeli. Mwezi wa pili wa 2023, Wambole na Walengola, majirani wa miaka mingi, waligeukiana katika komini hiyo na katika vijiji vinavyoizunguka. Chanzo kilikuwa ardhi. Kampuni ya kilimo ilipewa eneo kubwa, kila upande ukasema ardhi ile ni ya mababu zake, tuhuma za kuiuza zikaruka huku na huko, mapanga, mishale na bunduki za kienyeji zikafuata. Mamia ya watu waliuawa, nyumba zikachomwa kijiji baada ya kijiji, na maelfu wakakimbia, wengi wao wakivuka mto na vitu walivyoweza kubeba kichwani.

Mapigano yakipungua, watu huanza kurudi. Mama anakuta kuta za nyumba yake zimesimama bila paa, na shamba la mihogo linavunwa na mtu anayemfahamu kwa jina. Jumapili wanakaa katika kanisa moja. Kwa macho ya mgeni, hiyo ni amani.

Hapo ndipo methali inapofanya kazi yake. Haisemi na mwenye kovu. Inasema na anayemtazama. Inamkataza kudhani. Kovu ni ngozi iliyofunga, na ngozi inaweza kufunga juu ya usaha. Anayetaka kujua hali ya ndani hana budi kuuliza, kisha akae kimya asikilize, hata kama jibu litachukua siku nzima na litamtaja mjomba wake. Kimaadili, basi, mzigo wa kwanza wa upatanisho hauko kwa aliyeumizwa. Uko kwa jirani, kwa kiongozi, kwa mhubiri, kwa kila mwenye haraka ya kusikia kwamba mambo yamekwisha.

Dini zinazofuatwa Kisangani, zikisomwa vizuri, zinasema hivyohivyo. Katika Injili ya Mathayo, Yesu anamwambia mtu aliyeleta sadaka kwamba akikumbuka ndugu yake ana neno juu yake, aiache sadaka mbele ya madhabahu, aende akapatane kwanza. Anayetakiwa kuondoka mahali pake ni yule anayedaiwa, si yule mwenye kinyongo. Zakayo, mtoza ushuru wa Yeriko, hakuishia kusikitika. Aliahidi kuwarudishia mara nne wale aliowadhulumu. Na Yohana anasimulia kwamba Yesu aliyefufuka alimwonyesha Tomaso alama za misumari. Ufufuko wenyewe haukuzifuta. Ni ajabu kwamba mahubiri mengi ya msamaha huipita habari hiyo kwa haraka.

Uislamu una historia ndefu Kisangani, tangu enzi za Tippu Tip, aliyefanywa wali wa Stanley Falls, kama eneo hili lilivyoitwa, mwaka 1887. Mafundisho ya Uislamu hapa yako wazi. Kosa kati ya mja na Mola wake hufutwa kwa toba, lakini haki ya mja mwenzake haiondoki mpaka irudishwe au mwenyewe aisamehe. Sura ya Al-Hujurat inaamuru makundi mawili ya waumini yanayopigana yapatanishwe, na papo hapo inasisitiza kwamba yapatanishwe kwa uadilifu. Sulhu isiyo na uadilifu haitoshi. Wambole nao walikuwa na Lilwa, chama cha jando kilichobeba sheria zao. Sanamu zake za watu walionyongwa kwa kuvunja sheria sasa ziko katika makumbusho ya Ulaya. Ukali wake hauwezi kurudishwa wala haupaswi, lakini unaonyesha kwamba mababu hawakuona kumwaga damu kuwa jambo la kupitisha kwa hotuba.

Kisangani inajua gharama ya kovu lisiloulizwa. Kuanzia tarehe 5 hadi 10 Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya jiji lisilo lao, na maelfu ya makombora yakaanguka juu ya nyumba za watu. Makadirio ya Umoja wa Mataifa yanataja raia 760 waliouawa na majeruhi wapatao 1,700. Siku sita zile zilisubiri zaidi ya miaka ishirini. Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliitia Uganda hatiani mwaka 2005 kwa vitendo vyake nchini Kongo, na tarehe 9 Februari 2022 ikaiamuru ilipe dola milioni 325. Serikali ya Kongo iliunda mfuko wa FRIVAO, makao yake Kisangani, ili fedha hizo ziwafikie waathirika. Kesi dhidi ya Rwanda ilikuwa imekwama mwaka 2006 kwa sababu mahakama ilijiona haina mamlaka ya kuisikiliza. Kwa hiyo mtu aliyepoteza mguu katika vita ya majeshi mawili ana hukumu dhidi ya moja tu. Kila Juni watu hukumbuka wafu wao. Anayewaambia wasahau hajaishi humo.

Je, methali hii inafunga mlango wa msamaha? Hapana, na hapa panahitaji uangalifu. Vijana walioshika panga mwaka 2023 nao walikuwa na makovu ya kuonyesha, na wazee waliowatuma walijua kuyataja. Methali haimpi aliyeumia ruhusa ya kuumiza. Inadai asikilizwe mapema, kabla hajafika huko.

Kaskazini-mashariki mwa Kongo kuna mfano mkubwa wa msamaha. Sista Marie-Clémentine Anuarite aliuawa Isiro tarehe 1 Desemba 1964, wakati wa uasi wa Simba, na kanisa limehifadhi kumbukumbu kwamba alimsamehe Kanali Olombe, aliyemuua. Papa Yohane Paulo wa Pili alipomtangaza mwenye heri jijini Kinshasa, tarehe 15 Agosti 1985, alitamka msamaha kwa muuaji huyo kwa niaba ya Kanisa. Waumini wa Kisangani wanampenda Anuarite kwa haki kabisa. Lakini msamaha wake ulikuwa wake, aliutoa mwenyewe akiwa hai. Hakuna padri wala mchungaji anayeweza kumtolea mjane wa Lubunga msamaha ambao hajautamka. Kumtumia Anuarite kama fimbo ya kuwanyamazisha wanaolia ni kumkosea yeye pia.

Mfano wa karibu zaidi na kazi ya Lubunga uko kaskazini mwa Uganda. Viongozi wa Kikatoliki, Kianglikana, Kiorthodoksi na Kiislamu wa Acholi waliunda umoja wao mwishoni mwa miaka ya 1990, katikati ya vita ya waasi wa LRA. Mwezi Juni 2003 Askofu Mkuu John Baptist Odama na wenzake walikwenda kulala barabarani mjini Gulu pamoja na watoto waliokuwa wakikimbia vijiji kila jioni wasitekwe. Waliuonja wenyewe usiku wa watoto hao. Viongozi hao walipigania msamaha wa kisheria, uliopitishwa mwaka 2000, na wapo walioumizwa waliouona umetolewa kwa wepesi mno. Mila ya mato oput ilijibu sehemu ya lawama hiyo: muuaji hukiri, ukoo wake hulipa fidia, na mwisho kabisa koo mbili hunywa mizizi michungu katika kibuyu kimoja. Mpangilio huo ndio wenye hekima. Kibuyu huja baada ya ukweli na malipo.

Lubunga inahitaji mpangilio wa namna hiyo, pamoja na jambo ambalo ibada haiwezi kulifanya. Sheria ya ardhi ya Kongo ya 1973 iliifanya ardhi kuwa mali ya dola, ikaahidi kwamba haki za jamii juu ya ardhi za kimila zitapangwa kwa amri ya rais. Kwa miongo kadhaa amri hiyo haikutolewa. Katika pengo hilo chifu mmoja anaweza kutia saini, mwingine akapinga, na kampuni ikafika na karatasi zake mkononi. Maaskofu wa Kongo wanajua kusimama mbele ya wenye mamlaka: Laurent Monsengwo, akiwa Askofu Mkuu wa Kisangani, aliongoza Mkutano Mkuu wa Taifa mwanzoni mwa miaka ya 1990, na Marcel Utembi, aliyemfuata katika kiti hicho, aliongoza baraza la maaskofu lililosimamia makubaliano ya kisiasa ya Desemba 2016. Uzito huohuo unaweza kupelekwa kwenye ofisi ya ardhi ya mkoa wa Tshopo, pamoja na wachungaji na maimamu, kudai karatasi za eneo lililopewa kampuni zisomwe hadharani kwa Kiswahili na Kilingala, Wambole na Walengola wakiwapo, na kila aliyetia saini aeleze alipewa nini na nani.