Cheo na Heshima

Msomaji, liko swali ambalo watu hulijibu upesi mno: mtu aliyekuwa juu akashuka, je, amepungukiwa heshima? Wengi husema ndiyo, wala hawangoji kusikia habari zake. Nami nilikuwa mmoja wao, hata nilipojua maisha ya mwanamke mmoja wa Uswidi ambaye jina lake leo hulitaja wachache. Aliitwa Anna Q. Nilsson.

Alizaliwa mwaka 1888 katika mji wa Ystad, kusini mwa Uswidi. Angali kijana alivuka bahari kwenda Marekani, akapata kazi New York ya kuketi mbele ya wachoraji ili wamchore sura. Na mwaka 1911 akaingia katika sinema. Sinema za siku zile zilikuwa bubu. Mchezaji alisema kwa macho, kwa mikono na kwa mwendo, na maneno machache yasiyoepukika yaliandikwa katikati ya picha. Maandishi hayo yaliweza kubadilishwa kwa lugha yoyote, hata mtu wa Stockholm na mtu wa Chicago wakaitazama picha moja, kila mmoja akidhani imetengenezwa kwa ajili yake. Katika ufalme huo usio na sauti, matamshi ya mchezaji hayakumhusu mtu. Nilsson alipanda mwaka hata mwaka, akawa miongoni mwa nyota wa Hollywood.

Kisha mambo mawili yakafuatana. Mwaka 1927 ilitokea picha ya The Jazz Singer, ambayo ndani yake watu walisikiwa wakiimba na kusema, na baada ya miaka michache tu kampuni za Hollywood zikawa zimeacha karibu kabisa kutengeneza picha bubu. Mwaka 1928 Nilsson alianguka kutoka juu ya farasi, akavunjika nyonga, akauguzwa muda mrefu. Aliporejea kazini alikuta dunia nyingine. Tukisema ni sauti peke yake iliyomshusha tutakuwa tumeyarahisisha mambo, maana alikuwa pia amefikia miaka 40, na Hollywood haikuwa na huruma kwa mwanamke wa umri huo. Mwenzake wa Uswidi, Greta Garbo, aliyekuwa mdogo kwa miaka mingi, alisikiwa kwa mara ya kwanza mwaka 1930 katika Anna Christie. Akapewa sehemu ya binti mwenye asili ya Uswidi, na matangazo yakapiga mbiu kwamba Garbo anasema! Lafudhi ambayo kwa mwingine ingekuwa kizuizi, kwake ilifanywa pambo.

Niwie radhi nikitoka njiani kidogo. Katika chuo nilichosomea ualimu alikuwapo mwenzetu aliyetamka R mahali pa L. Kila aliposimama kusoma tulicheka, na mimi nilicheka pamoja na wengine. Mwisho akawa hasimami tena. Akiitwa, husema hakujiandaa. Naye alikuwa na akili kutupita wengi. Kwa hiyo nisomapo habari za watu walioshushwa na lafudhi, sisomi kama mtu asiyehusika.

Turudi kwa Nilsson. Mwaka 1947 ilitolewa picha iitwayo The Farmer's Daughter, hadithi ya binti wa wakulima wenye asili ya Uswidi ambaye anakwenda mjini, anakuwa mtumishi wa nyumbani, na mwisho anagombea kiti cha bunge. Binti huyo alichezwa na Loretta Young, Mmarekani mzaliwa wa Utah, aliyejifunza kusema kama Mswidi. Na kwa kazi hiyo akapata tuzo ya Oscar. Mama yake katika hadithi alikuwa nani? Nilsson, Mswidi halisi, katika sehemu ndogo. Siwezi kusema tuzo ilikosea njia, kwa maana ufundi wa mchezaji ni kuwa yule asiyekuwa. Walakini jambo lenyewe huchoma.

Tena mwaka 1950 katika Sunset Boulevard. Picha hiyo yaeleza habari za Norma Desmond, nyota wa zamani wa sinema bubu, aliyejifungia katika jumba lake akikataa kwamba siku zimepita, na ukaidi huo unamwangamiza. Wakati mmoja anacheza karata na marafiki wa zama zake, na kijana asimuliaye hadithi anawafananisha na sanamu za nta. Mmoja wao ni Nilsson, akiwa yeye mwenyewe, kwa jina lake.

Watu watasema alijishusha, afadhali angekaa nyumbani na sifa zake. Ndivyo alivyofanya Norma! Wengine watasema alitaka mshahara tu. Na iwe hivyo. Tangu lini kuutafuta mshahara kwa kazi halali kukawa aibu? Mimi naona heshima aliyopewa na watazamaji ilikuwa mali yao, wakaitwaa walipotaka. Kuja kazini, kujua sehemu yako hata ikiwa ni ya dakika mbili, na kuitenda sawasawa, hayo hawakumpa wao.

Lakini fikira hii ina mtego, nami sitaki unase ndani yake. Tukimsifu sana anayeshuka kwa uvumilivu, twaweza kuwasahau waliomsukuma. Mwenzetu yule wa chuoni alinyamaza kwa adabu, na adabu yake haikutuosha sisi tuliocheka. Ushujaa wa Nilsson nao ni wake peke yake. Hollywood haina fungu ndani yake.

Alifariki mwaka 1974. Ukipata kuitazama Sunset Boulevard, onyesho la karata ni fupi, na macho yako yatavutwa na Norma. Mtazame pia mwanamke yule mwingine pale mezani, aliyeketi wima, karata zake mkononi.