Kisiki Kilichoachwa Shambani

Somo: Danieli 4:24–37

Jumapili iliyopita nilihubiri juu ya mfalme aliyekula majani, na baada ya ibada watu walinijia wengi kuliko kawaida. Mama mmoja aliuliza kama ni dhambi kumpeleka mwanawe wodi ya magonjwa ya akili. Kijana mmoja aliuliza kama ana ruhusa ya kumwambia daktari kwamba dawa inamlaza siku nzima. Basi naandika hapa niliyosema, pamoja na yale ambayo saa haikuniruhusu.

Habari ya Nebukadneza tunaijua. Alitembea juu ya jumba lake Babeli akijisifu, na neno likiwa bado kinywani, akili zikamtoka. Sisi wahubiri tunapenda kukaa hapo kwenye kiburi. Lakini rudi kwenye ndoto yenyewe. Mti ulikatwa, matawi yakaondolewa, majani yakapukutishwa. Kisha ikatoka amri: kisiki na mizizi yake kiachwe ardhini. Danieli akamfafanulia mfalme kwamba ufalme wake ungebaki wake. Nyakati saba zikapita. Akainua macho mbinguni, fahamu zikamrudia, na wakuu wake wenyewe wakaja kumtafuta. Kiti chake alikikuta.

Sasa niambie. Angekuwa mtu wa Lurambi au Shinyalu, akae miaka saba hivyo, angerudi akute shamba lake bado ni lake?

Kabla sijamnyooshea mtu kidole, wacha nianze na kosa langu mwenyewe. Ndugu yetu mmoja alikuwa akipiga kinanda hapa kanisani. Aliugua, akalazwa katika hospitali ya serikali, akarudi nyumbani na dawa na tarehe ya kliniki. Jumapili moja nikahubiri kwa ukali kuhusu watu wanaoshika Biblia mkono mmoja na kidonge mkono wa pili. Sikumtaja jina. Kwani kulikuwa na haja? Alienda nyumbani akaacha dawa.

Wiki chache baadaye niliitwa usiku. Nilimkuta kwenye nyumba ya jikoni, mikono imefungwa kwa ule mpira wa kufungia mizigo kwenye boda. Niliomba karibu saa mbili. Nilikemea mpaka sauti ikaniisha. Kisha nikamgeukia mama yake: Amekula? Alilala lini? Ilianza vipi? Ndipo yeye mwenyewe akasema, polepole kabisa, "Pasta, mimi niko hapa. Niulize mimi."

Jameni, nilikuwa sijamtazama usoni. Na muda wote huo sikuwa nimewaambia wamfungue mikono.

Nilipofika nyumbani nilifungua Marko 5. Yule mtu wa makaburini alikuwa amefungwa pingu na minyororo mara nyingi na watu wa kwao. Yesu alipofika alimuuliza yeye mwenyewe jina lake. Hakutafuta jamaa wa kumsemea. Mwisho wa habari tunamwona ameketi, amevaa nguo, ana akili timamu. Halafu wenyeji wakamsihi Yesu aondoke! Mimi nilisoma biashara chuoni, kwa hiyo hesabu yao naielewa. Nguruwe kama 2,000 wamezama ziwani, na mtu mmoja amerudi nyumbani. Waliona hasara.

Na tusikosee hapa. Si kila ugonjwa wa akili ni pepo, na si kila mgonjwa ni Nebukadneza anayeadhibiwa. Wanafunzi walipouliza nani alitenda dhambi hata yule mtu akazaliwa kipofu, Yesu hakulikubali swali lao. Elia alipochoka mpaka akaomba kufa, Mungu hakumhubiria kwanza. Alimwacha alale, akampa chakula, akamwacha alale tena, akampa chakula tena. Mungu anayetumia mkate na usingizi hashindwi kutumia daktari na kidonge.

Kisiki kina mizizi mitatu ambayo hatuna ruhusa ya kuing'oa.

Mzizi wa kwanza ni jina. Huku kwetu mtu akiugua kichwa, jina lake linakufa siku hiyo hiyo. Anaitwa omulalu. Mijini wanasema "huyo ni wa Mathari", kana kwamba hospitali iliyoanza Nairobi mwaka 1910 kuhudumia wagonjwa ni tusi. Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 28, inasema kila mtu ana heshima ya asili, na heshima hiyo ilindwe. Sisi tuliosoma Mwanzo 1 hatukupaswa kungoja Katiba. Na jina la mtu ni pamoja na siri yake. Ukisimama kwenye ibada ya katikati ya wiki ukasema, "Tumwombee fulani, amelazwa wodi ya wagonjwa wa akili," umetangaza alichokuwa na haki ya kukiweka siri. Mwombee, lakini muulize kwanza.

Mzizi wa pili ni sauti. Sheria ya Afya ya Akili ya 1989 ilifanyiwa marekebisho mwaka 2022, na haki za mgonjwa zikaandikwa waziwazi: kuelezwa ugonjwa wake na matibabu yake, kuombwa ridhaa, kushiriki kupanga tiba yake, kulindwa asipigwe wala kudhulumiwa, na kuwa na mtu wa kumwakilisha. Kwa hiyo yule kijana jibu lake ni ndiyo. Mwambie daktari dawa inakulaza. Uliza kama kuna nyingine, au kama kipimo kinaweza kupunguzwa. Lakini usiache kimya kimya, wala usiache kwa sababu ya pasta. Sheria inakubali kwamba kuna wakati mtu atalazwa bila ridhaa yake, lakini hilo lina utaratibu wake, na hata hapo hapotezi utu. Pia, Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kile kifungu cha 226 kilichofanya kujaribu kujiua kuwa kosa la jinai kinakiuka Katiba. Kama unapigana na mawazo hayo leo, njoo useme. Ongea na mtu leo hii, nenda hospitali leo. Tutakusindikiza.

Mzizi wa tatu ni mali, na hapa ndipo tunapoumia. Ndugu yetu akiwa amelazwa mara ya pili, baba zake wadogo walikuja na karatasi ya makubaliano. Robo ekari aliyoachiwa na marehemu baba yake iuzwe, kwa sababu "yeye ataifanyia nini?" Mnunuzi alikuwa tayari. Mama yake akakataa. Alilima kile kipande msimu baada ya msimu, akaweka gunia la mahindi kando na kusema, "Hili lina mwenyewe." Hakuwa amesoma sheria. Lakini sheria inakubaliana naye: mtu akishindwa kusimamia mali yake kwa ajili ya ugonjwa wa akili, mahakama ndiyo yenye uwezo wa kumpa mwingine usimamizi. Kikao cha ukoo hakina. Na msimamizi si mrithi. Ukiachiwa duka la mtu aliyelazwa, unaandika kila shilingi. Hulipi nayo karo ya watoto wako. Katika biashara tunaita hiyo amana. Mbinguni nafikiri wanaiita hivyo hivyo.

Mwaka 2020 shirika la Human Rights Watch lilitoa ripoti juu ya watu wenye matatizo ya akili wanaofungwa minyororo katika nchi zipatazo 60. Kenya imo, na nyumba za maombi zimo. Mpendwa, kanisa hili lisiwemo. Wazee wamekubali mambo manne. Hakuna atakayeombewa hapa akiwa amefungwa. Hakuna mhudumu atakayemwambia mtu aache dawa. Tunapotembelea wodi, swali la kwanza linaenda kwa mgonjwa mwenyewe. Na asiye na wa kumsindikiza kliniki, au wa kumsaidia kujisajili SHA, atapewa mtu.

Ukiona mgonjwa anapigwa au anadhulumiwa, anza na msimamizi wa wodi, kwa heshima. Wauguzi wengine ni washirika wetu, na tunajua wanavyobeba kazi ya watu watatu. Usiposikilizwa, andika barua kwa idara ya afya ya kaunti. Bado kimya? Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ina ofisi Kisumu na Kitale. Weka tarehe, weka nakala.

Ndugu yetu alirudi. Anakunywa dawa zake, anaenda kliniki, analima robo ekari yake. Kinanda anapiga Jumapili anayojisikia, na asipojisikia anakaa kwenye benchi kama sisi wengine. Nilimwomba msamaha mbele ya mama yake. Mahubiri haya ameyasoma kabla hayajachapwa, akafuta mistari miwili. Nimeiacha imefutwa.

Tuombe. Baba, tusamehe kwa kila mkono tuliouona umefungwa tukaendelea kuomba. Tupe macho ya kumtazama mtu usoni. Linda mizizi ya walio wodini leo, na wale walio nyuma ya nyumba zetu, ambapo wageni hawafiki. Warudipo, wakute majina yao, sauti zao na mashamba yao. Katika jina la Yesu. Amina.