Mefiboshethi Alipewa Shamba

Andiko: 2 Samweli 9:1-13



Jumapili moja kijana wetu mmoja alikuja mbele kwa kiti chake cha magurudumu. Sikumuuliza kitu. Niliweka mikono, nikaamuru miguu ipate nguvu, kanisa likapaza sauti. Nilipomaliza akaniambia polepole, "Asante Pasta. Lakini nilikuja uniombee intavyu ya Jumanne."

Niliaibika. Niliona miguu, sikuona mtu. Hata Yesu alimuuliza kwanza kipofu Bartimayo anataka afanyiwe nini (Marko 10:51). Mimi nilidhani najua tayari.

Sasa tumtazame Mefiboshethi. Alikuwa na miaka 5 yaya alipomwangusha wakikimbia, akalemaa miguu yote miwili. Akaishi Lo-debari, kwa nyumba ya mtu mwingine. Daudi alipomwita, alijilinganisha na mbwa mfu. Ukidharauliwa sana, mwishowe unajidharau mwenyewe.

Daudi alimfanyia nini? Wengi tunakumbuka meza ya mfalme peke yake. Lakini mimi nilisomea biashara, na hapa naona mtaji. Daudi alimrudishia mashamba yote ya Sauli, akaagiza Siba, wanawe 15 na watumishi 20 wamlimie. Hesabu: ardhi, na wafanyakazi 36! Hiyo si huruma ya kumtupia mtu sarafu. Halafu soma mstari wa mwisho. Sura inaisha na miguu bado imelemaa, lakini mtu ana mali, ana kazi, ana kiti mezani.

Je, tunaamini uponyaji? Ndiyo, na tutaendelea kuomba. Lakini usimwambie mtu ati maisha yake yataanza siku atakaposimama. Mhubiri Nick Vujicic alizaliwa Melbourne, Australia, mwaka 1982, bila mikono na bila miguu. Ana kiguu kidogo tu, na hicho ndicho anachotumia kuchapa kwa kompyuta. Alisoma chuo kikuu hadi akapata digrii ya biashara, akaanzisha huduma yake, akaoa, na leo ni baba wa watoto wanne. Hakungoja mikono iote ndipo aanze kuishi.

Na yule kijana wetu? Kazi hiyo hakuipata. Ofisi ilikuwa ghorofa ya tatu, na lifti ilikuwa imeharibika. Nilikasirika sana, hadi nikakumbuka mlango wetu wa kanisa una ngazi nne, na kila Jumapili maasha humbeba kama mzigo.

Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 54, inataka angalau asilimia 5 ya nafasi za kuchaguliwa na kuteuliwa katika taasisi za umma zifikiwe na watu wenye ulemavu. Sisi tulio na agano, tumefanya nini?

Mzazi, kama umemficha mtoto nyumbani, mtoe, apelekwe shule. Mwenye biashara, ukiajiri, msomee CV yake kabla ya kutazama kiti chake. Kanisa, tujenge njia ya mteremko pale mlangoni. Na wewe unayeishi na ulemavu, hujakosa imani. Toka Lo-debari. Mfalme amekuita kwa jina.

Tuombe: Baba, tusamehe tulipoona miguu tusione mtu. Tufundishe kuuliza, na kurudisha shamba. Katika jina la Yesu, Amina.